HISTORIA YA KUNI, MKAA NA VIBALI KATIKA KIKUNDI CHETU

Mambo ya hisa na mikopo Katibu ameshayaeleza. Mimi nitasema habari ya kuni, maana bila kuni hapa Kirando hakuna biashara ya mwanamke. Migebuka inabanikwa kwa kuni, maandazi yanapikwa kwa kuni, na mama lishe anategemea mkaa.

Sheria za misitu hazikuanza jana. Wajerumani waliweka ya kwao mwaka 1904, Waingereza wakaweka nyingine 1921 na tena 1957. Hiyo ya 1957 tuliendelea nayo hata baada ya Uhuru, mpaka Bunge lilipopitisha Sheria ya Misitu Namba 14 ya mwaka 2002, ikaanza kutumika 2004. Sheria hii ilileta jambo jema: kijiji kinaweza kutenga msitu wake na kuusimamia chenyewe. Mwaka 2006 zikaja kanuni za mkaa, na mwaka 2010 ukaundwa Wakala wa Huduma za Misitu, yaani TFS.

Sisi akina mama tulikuwa hatuyajui hayo. Tulijua mti ni wa Mungu, mwenye panga ndiye mwenye kuni.

Mwaka wetu wa tatu tukapata pigo. Mwenzetu mmoja alikopa, akanunua magunia ishirini ya mkaa, akapakia usiku kwenda Namanyere. Kwenye kizuizi akaulizwa: hati ya kusafirishia iko wapi? Hana. Mkaa ukachukuliwa na faini juu. Alirudi na kanga yake tu.

Kikao cha wiki ile kilikuwa kigumu, jamani. Wengine walisema tuchukue cherehani yake, maana pesa ya sandukuni ni jasho la wote. Nikasimama nikasema, mkopo ule mimi ndiye niliyeutia sahihi na sikumwuliza kibali hata siku moja. Kosa si lake peke yake. Tukakubaliana alipe kidogo kidogo bila riba. Ilimchukua miezi kumi na minne, akamaliza. Cherehani anayo na ni mwanachama mpaka leo.

Baada ya hapo tulimwita bwana misitu atufundishe. Tulijifunza kwamba kuni za kupikia nyumbani ni jambo moja na za kuuza ni jambo jingine. Mfanyabiashara anasajiliwa kila mwaka, na usajili unakwisha tarehe 30 Juni. Anayevuna anahitaji leseni, na maombi yanapitia kamati ya uvunaji ya wilaya. Mzigo ukitoka unahitaji hati ya kusafirishia, inayoonyesha ni kitu gani, kiasi gani, kinatoka wapi na kinakwenda wapi. Tena wakati huo haukuruhusiwa kusafirishwa usiku, kuanzia saa 12 jioni hadi saa 12 asubuhi. Kila malipo udai stakabadhi.

Ndipo tukaanzisha mfuko wa vibali. Mwanachama anakopa ada kwanza, mtaji baadaye. Hana karatasi, hana mkopo.

Nisifiche, mzigo huu ni mzito kwa mwenye magunia matano. Nauli ya kufuata karatasi Namanyere inakula faida. Tunaomba wakubwa wasogeze huduma huku ziwani. Lakini na sisi tuseme kweli: tulipokuwa wasichana kuni tuliokota karibu na nyumba, leo tunatembea nusu siku. Hiyo miti haikuondoka kwa miguu yake.

Mwaka 2024 Serikali ilizindua mkakati wa nishati safi ya kupikia, lengo Watanzania asilimia 80 waitumie ifikapo 2034. Ni vizuri, ila gesi ya kubanika migebuka bado hatujaiona. Kwa hiyo kila mwanachama apande miti kwenye mpaka wa shamba lake, na karatasi zake aziweke mahali pakavu.

Akiba haiozi.

Mwenyekiti