Roger Alikuwa Nani?

Soja wa geti letu ana woki-toki ambayo betri yake imeshikiliwa na raba-bendi. Usiku mgeni akifika, soja wa geti la nyuma anaulizwa kama kuko sawa, sauti inakwaruza, kisha wetu anafunga mazungumzo kwa fahari: "Roger, over and out!" Geti linafunguka.

Kwa miaka nimekuwa nikijiuliza, huyu Roger ni nani, na mbona kila mtu mwenye redio anamwita?

Kumbe Roger si mtu. Ni herufi. Enzi za telegrafu, aliyepokea ujumbe alijibu kwa kupiga R ya Morse: nukta, mstari, nukta. Ilisimamia neno la Kiingereza "received", yaani nimepokea. Halafu redio za sauti zikaingia vitani na kuleta shida mpya. Kwa Kiingereza B, D, P na T husikika karibu sawa. Ongeza ngurumo ya injini ya ndege na milio ya risasi, na herufi moja ikisikika vibaya, mabomu yanaangukia watu wenu.

Ndiyo maana kila herufi ikapewa jina. Mwaka 1941 wanajeshi wa Marekani walianza kutumia orodha ya Able, Baker, Charlie, na R ikaitwa Roger. Mwaka 1956 orodha mpya ikashika, ile ya Alfa, Bravo, Charlie tunayoisikia mpaka leo. Hata tahajia yake ilifikiriwa: Alfa huandikwa kwa f ili asiyejua Kiingereza asikwame kwenye "ph". Humo R ni Romeo. Roger alifutwa kazi ya herufi, lakini akakataa kutoka ofisini.

Na si kila anayelitumia anajua maana yake. Roger si "ndiyo". Ni "nimekusikia" tu; kama nitafanya ulichosema, hiyo ni stori ingine. Ukitaka kuahidi kwamba utatii, unasema "Wilco", ufupisho wa "will comply". Nayo "over" ni "nimemaliza, nangoja jibu lako", ilhali "out" ni "nimemaliza, usijibu". Kwa hivyo soja wetu kila usiku anamwambia mwenzake: nijibu, usinijibu. Tusimcheke. Sinema zimetufundisha sote hivyo.

Lakini kuna kosa moja ambalo halichekeshi. Usiposikia vizuri kwenye redio ya jeshi, unasema "say again". Husemi "repeat". Kwa wapiga mizinga, "repeat" ni amri: pigeni tena, palepale, idadi ileile. Hebu fikiria kijana aliyechanganyikiwa na moshi, anataka tu mwenzake arudie sentensi, na badala ya sentensi anarudishiwa makombora.

Hapo ndipo unaelewa kwamba lugha hii haikubuniwa ili mtu asikike mjanja. Ilitengenezwa ili watu wasife bure.

Ila ilikuwa na upande mwingine. Kule Vietnam, Wamarekani walipigana na wapiganaji walioitwa Viet Cong, kwa kifupi VC. Kwenye redio, VC ni Victor Charlie. Punde ikabaki Charlie pekee. Charlie yuko msituni. Charlie anakuja usiku. Kijana wa kijijini, mwenye mama na jina alilopewa na babu yake, akageuka herufi ya tatu ya alfabeti. Na herufi haina mama. Ukiipiga risasi, unalala.

Usidhani hayo ni mambo ya mbali. Sisi pia tunaishi ndani ya maneno ya vita. "Soja" ni "soldier". "Afande" tunayemnyenyekea barabarani alitoka kwenye "efendi" ya Kituruki, akapitia majeshi kabla ya kutufikia. Na kila siku makanga wanaita abiria wa Kariokor bila kukumbuka kwamba hilo ni "Carrier Corps", kikosi cha wapagazi Waafrika waliobebeshwa mizigo ya Waingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Makumi ya maelfu walikufa, wengi kwa maradhi, njaa na uchovu. Dar es Salaam nao wana Kariakoo yao, kwa sababu hiyohiyo.

Vita huisha, maneno yake hubaki. Yanavua gwanda, yanapanda matatu, yanalinda geti. Si lazima tuache kuyatumia. Ila mara moja moja, neno likipita redioni, tulijibu vile linavyostahili: tumekusikia.

Jana usiku nilimweleza soja wetu haya yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, akatikisa kichwa, akainua woki-toki yake.

"Roger," akasema. "Over and out."