Milima Yetu na Mikono Iliyoitengeneza



Kijitabu cha harambee kwa kawaida hutangulizwa na hesabu. Mwaka huu tumeona tutangulize historia, kwa sababu michango ya safari hii inakwenda kwenye ardhi yenyewe: vyanzo vya maji, vitalu vya miche, na matuta. Kazi hii imewahi kufanyika milimani kwetu, tena zaidi ya mara moja. Iliwahi kuleta mavuno, na iliwahi kuleta risasi. Ni vema tujue tofauti ilitoka wapi kabla hatujatia mkono mfukoni.

Watu wa mlimani

Jina letu linajieleza. Waluguru ni watu wa mlimani. Wazee wetu walipanda huku koo kwa koo, kila ukoo ukafyeka bonde lake, ukatambika, ukazika watu wake hapo, na kwa kuzika ukawa umeweka hati. Msafiri anayeshuka stendi ya Morogoro akainua macho kuelekea Lupanga huona kijani tu, akasema "asili hiyo". Lakini chini ya msitu wa kileleni hakuna mteremko ambao haujapita jembe. Migomba, mipunga ya mlimani, mihogo, njia za miguu zinazokata kona palepale pa siku zote, vyote ni kazi ya watu.

Ardhi hiyo ilikuwa na utaratibu. Kwetu ukoo hufuata mama, na shamba la ukoo hufuata huko huko. Msimamizi alikuwa mndewa, mkuu wa ukoo, ambaye aligawa mashamba na kutunza matambiko. Mgeni aliyeomba mahali pa kulima alipewa, akatoa ngoto, zawadi ndogo ya kukiri kwamba ardhi ina wenyewe. Angeweza kulima mahindi na maharage miaka na miaka. Ila kupanda mti wa kudumu ilikuwa neno jingine. Mti hukaa kuliko aliyeupanda, na anayepanda mti ni kama anayesema "hapa ni pangu". Hata mume aliyelima shamba la ukoo wa mkewe alilijua hilo. Tulikumbuke, maana ndiko ulikofichwa ufunguo wa mengi yaliyofuata.

Palikuwa pia na mahali pasipolimwa kabisa. Vichaka vya makaburi ya koo viliachwa vikue, na shoka halikuingia. Kinole walikaa akina Kingalu, waliosifika kwa mvua. Kolero kulikuwa na pango la Kolelo, na watu walitoka hadi Uzaramo kuja kuomba mvua na mavuno. Basi ramani ya milima hii ilikuwapo kabla ya karatasi, imeandikwa kwa makaburi, miti na majina ya mahali.

Mstari wa Wajerumani

Mwaka 1909 serikali ya Wajerumani ilitenga misitu ya juu kuwa hifadhi. Kuanzia hapo mlima ukawa na mstari: juu ya mstari msitu wa serikali, chini yake mashamba ya watu. Mwaka 2008 misitu ya Uluguru Kaskazini na Kusini iliunganishwa pamoja na eneo la Bunduki kuwa Hifadhi ya Mazingira Asilia Uluguru, yenye zaidi ya hekta 24,000. Humo mna mimea na wanyama wasiopatikana kwingine kokote duniani, akiwamo ndege mmoja anayebeba jina la Uluguru hata katika vitabu vya Wazungu.

Mstari ule umetusaidia na umetubana. Umetusaidia kwa sababu msitu ndio unaoshika maji ya Ruvu, Mgeta na Ngerengere. Maji ya Bwawa la Mindu yanayonywewa mjini Morogoro, na sehemu kubwa ya maji ya Dar es Salaam, chimbuko lake ni milima hii. Umetubana kwa sababu watu waliongezeka na mstari haukusogea. Mashamba yaliyokuwa yakipumzishwa miaka kadhaa yakaanza kulimwa kila mwaka, na miteremko ikaanza kumwaga udongo.

Mwaka 1955 Matombo

Waingereza waliuona udongo huo ukienda na maji, na katika hilo hawakusema uongo. Kuanzia mwaka 1950 walileta mpango mkubwa wa matumizi ya ardhi ya Uluguru. Kiini chake kilikuwa matuta mapana ya kukata mlima kama ngazi. Watu walitakiwa kutoa siku za kazi kuyachimba. Kuchoma moto mashamba kukapigwa marufuku. Aliyekaidi alifikishwa barazani akatozwa faini.

Kwa nini watu walikataa? Sababu ya kwanza ilikuwa udongo. Kwenye miteremko mingi udongo wenye rutuba ni utandu mwembamba. Ukichimba tuta pana unaufukia, unaleta juu udongo mwekundu wa chini usiozaa. Mwenye shamba alichimba kwa jasho, kisha mahindi yakatoka mafupi kuliko ya jirani ambaye hakuchimba. Sababu ya pili ilikuwa muda: siku za matuta zilikula siku za kupanda na kupalilia, na mzigo huo uliwaelemea zaidi akina mama.

Sababu ya tatu ndiyo nzito kuliko zote. Tuta, kama mti, ni kitu cha kudumu. Watu waliuliza: anayetuamuru tuchimbe kitu cha kudumu kwenye ardhi ya ukoo, kesho atasema ardhi ni ya nani? Na swali hilo halikuwa na wa kulijibu, kwa sababu wandewa hawakuulizwa. Amri ilitoka kwa serikali, ikapita kwa Sultani na watendaji wake, ikamfikia mkulima ikiwa imekwisha kuwa sheria.

Julai 1955, mwaka mmoja tu baada ya TANU kuzaliwa, umati ulikusanyika Matombo kuyapinga matuta. Mawe yakarushwa. Polisi wakafyatua risasi, na mtu mmoja akauawa. Muda si mrefu mpango ukaachwa. Matuta mengi yaliachwa yajifukie, na mpaka leo kuna miteremko ambako jua la jioni linapolala huonyesha mistari yake chini ya nyasi. Ni kumbukumbu ya vita ambavyo serikali ilikuwa na hoja na bado ikashindwa.

Upande wa pili wa mlima

Wageni walisema Mluguru hataki matuta. Wangekwenda Mgeta wangenyamaza. Huko watu walikuwa na ngazi zao ndogo: mkulima hukwangua majani na magugu, huyalaza kwa mistari ya kukingama mteremko, huyafunika kwa udongo, na msimu ujao huanza upya. Magugu huoza na kuwa mbolea, na udongo wa juu hubaki juu. Tangu mboga za Ulaya zilipoletwa na wamisionari na walowezi mwanzoni mwa karne ya 20, wakulima wa Mgeta walichimba matuta mapana pia, lakini mahali walipopachagua wao, penye mifereji ya maji, kwa kabichi, karoti na viazi ambavyo soko lake walikuwa nalo. Miaka ya 1980 wakaongeza mbuzi wa maziwa waliopitia Chuo Kikuu cha Sokoine, na samadi ikaingia mashambani. Matuta hayo yako hai.

Hatusemi kwamba wenyeji hawakosei. Tarehe 23 Februari 1970 mvua kubwa ya saa chache ilipiga Mgeta, na milima ikaporomoka mahali mamia kwa mamia. Watafiti waliokuja kupima walikuta kwamba karibu maporomoko yote yalianzia kwenye mashamba na nyasi. Yaliyoanzia penye miti yalikuwa machache mno. Mizizi mirefu ndiyo iliyokuwa ikishikilia mlima, na tulikuwa tumeing'oa. Kuheshimu ujuzi wa wazee wetu ni pamoja na kukubali kwamba idadi yetu leo si ile waliyoijua wao.

Kisha lilitokea jambo ambalo kila mchangiaji wetu anapaswa kulijua. Katika miaka ya 2000, huko Kibungo Juu, katika milima hiyo hiyo iliyo juu ya Matombo, mashirika ya hifadhi yalianzisha mpango ambapo watumiaji wa maji wa Dar es Salaam walichangia malipo kwa wakulima wanaotunza chanzo cha Ruvu. Wakulima walichagua mashamba yao, wakachimba matuta, wakapanda miti, wakalipwa. Wengi walijiandikisha kwa hiari. Nusu karne tu ilikuwa imepita tangu mawe ya mwaka 1955, na mlima haukuwa umebadilika. Kilichobadilika ni nani aliyeulizwa.

Mali isiyoonekana

Tangu mwaka 1992 shirika la UNESCO limekuwa likiorodhesha mahali duniani ambapo ardhi na utamaduni wa watu vimeumbana. Jirani zetu wa Kenya, Wamijikenda, misitu yao mitakatifu ya Kaya iliingizwa katika orodha hiyo mwaka 2008. Hapa nchini, Wamatengo wa Mbinga wanajulikana kwa ngoro zao, mashimo yanayozuia udongo mlimani. Sisi tuna vichaka vya makaburi, ngazi za Mgeta, mashamba ya viungo na migomba ya Kinole, na majina ya vijito ambayo kila moja lina kisa. Hatuhitaji orodha ya mtu ili tuvithamini, lakini tukivipoteza hakuna orodha itakayovirudisha.

Na tunavipoteza. Vijana wetu wengi tuko mjini. Mzee anapofariki, vipande vya ukoo vinauzwa kwa mtu ambaye hajui kichaka kile kina makaburi ya nani, na mwezi ujao kimekuwa mkaa. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inatambua haki ya kimila na kutoa hati yake, na inampa mwanamke haki sawa na mwanamume. Ni jambo jema. Lakini fomu inapojazwa jina la mwanamume mmoja kwa ardhi iliyofuata mama tangu enzi, kalamu inafanya kile ambacho Waingereza hawakukiweza. Tunawaomba wote mnaorudi nyumbani kupima mashamba: kaeni kwanza na mama zetu, shangazi na wajomba, muulize ardhi ni ya nani, ndipo mwandike.

Kazi ya mwaka huu

Kwa hiyo tumekubaliana mambo matatu. Kwanza, hakuna mche utakaopandwa wala tuta litakalochimbwa kwa fedha za chama hiki kabla ya wenye ardhi kukaa na kukubali, wanawake wakiwamo, na makubaliano kuandikwa kwamba mti ni wa mwenye shamba na ukoo wake. Chama hakidai hata tawi. Pili, tutaanza na vyanzo vya maji na vichaka vya makaburi, kwa miti ya asili ambayo wazee watatutajia. Tatu, tunawaomba vijana walioko nyumbani wakati wa likizo wazunguke na wazee mlima kwa mlima, waandike jina la kila kijito, kichaka na kona ya njia, pamoja na kisa chake. Kazi hiyo haigharimu zaidi ya daftari, lakini muda wake ni mfupi, maana waliokuwa watu wazima mwaka 1955 wamebaki wa kuhesabu.

Wazee wetu walitupatia mlima uliokwisha kutengenezwa. Kila anayechangia mwaka huu, awe Dar es Salaam, Morogoro mjini, au ng'ambo, anaingiza mkono wake katika kazi waliyoianza wao. Mwenye shilingi atoe shilingi, mwenye miche alete miche, na mwenye habari za wazee alete habari. Karibuni nyumbani, tulime pamoja.