Filamu bubu za viwandani zilivyookolewa na karatasi

Filamu bubu ni sinema zilizotengenezwa kabla ya sauti kuanza kunaswa pamoja na picha. Nyingi za mwanzo hazikuwa hadithi za kubuni bali kumbukumbu fupi za mambo halisi, zikiwemo kazi za viwandani.

Mnamo Machi 1895, Louis Lumière aliwapiga picha wafanyakazi wakitoka katika kiwanda cha familia yake mjini Lyon, Ufaransa. Filamu hiyo isiyofika dakika moja ilionyeshwa kwa umma jijini Paris tarehe 28 Desemba mwaka huo.

Mfano mwingine maarufu ni mfululizo uliotengenezwa mwezi wa Aprili na Mei 1904 katika viwanda vya Westinghouse, karibu na Pittsburgh, Marekani. Mpigapicha G.W. Bitzer wa kampuni ya American Mutoscope and Biograph aliiweka kamera kwenye kreni iliyopita juu ya karakana, huku taa za mvuke wa zebaki zikimulika ndani. Mtazamaji huona chuma kilichoyeyushwa kikimiminwa, nyundo ya mvuke ikifua, na wanawake wakizungushia nyaya sehemu za mota.

Filamu hizo zilikusudiwa kuitangaza kampuni katika maonyesho ya dunia yaliyofanyika St. Louis mwaka huo. Ndiyo sababu mitambo yapewa nafasi kubwa, ilhali ajali, mishahara na malalamiko ya wafanyakazi havionekani.

Filamu za enzi hiyo zilitengenezwa kwa nitrati, ambayo hushika moto upesi na kuoza, hivyo nyingi zilipotea. Zile za Westinghouse ziliokolewa na sheria. Hadi 1912, hakimiliki ya Marekani haikuitambua sinema. Makampuni yaliyotaka ulinzi yalichapisha picha kwenye karatasi ndefu na kuzisajili kama picha za kawaida. Karatasi hizo zilihifadhiwa katika Maktaba ya Bunge la Marekani, na kuanzia miaka ya 1950 zikanakiliwa upya kuwa filamu.

Filamu 21 za mfululizo huo zingalipo, na mwaka wa 1998 ziliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu za kuhifadhiwa. Haziwataji kwa majina wafanyakazi wanaoonekana humo. Hata hivyo, sura zao na namna walivyofanya kazi vimesalia, katika picha zilizokusudiwa kuzisifu mashine.