Jina Ndani ya Santuri: Oluoch Kanindo na Suala la Utunzi katika Benga

Uhakiki wa fasihi simulizi ya Kenya umezoea kuwatambua watunzi wa aina mbili tu: mwimbaji anayesikika, na jamii isiyo na jina inayosemekana kutunga kila kilichorithiwa. Baina yao yupo mtu wa tatu asiyechunguzwa ipasavyo, naye ni mtayarishaji wa santuri. Makala haya yanamwangalia mmoja wao, Phares Oluoch Kanindo, mfanyabiashara wa muziki wa miaka ya 1970 ambaye baadaye aliingia bungeni. Tunadai kwamba Kanindo, ingawa umaarufu wake haukutokana na kuimba wala kupiga gita, aliacha alama katika matini yenyewe ya benga.

Benga ni muziki uliokulia mashambani. Katika iliyokuwa Wilaya ya Nyanza Kusini, yaani Homa Bay na Migori za leo, kuanzia fuko za wavuvi hadi machimbo ya dhahabu ya Osiri na Macalder, gita lilirithi kauli za nyatiti na orutu. Lilirithi pia desturi ya pakruok. Katika ngoma ya nyatiti, mtu aliyekuwa na fedha aliweza kumtuza mpigaji, akausimamisha muziki, akajigamba au kumsifu rafiki yake, kisha wimbo ukaendelea. Kwa hiyo matini ya nyatiti haikuwa mali ya mwimbaji peke yake. Ilikuwa na mlango, na ufunguo wake ulikuwa fedha.

Studioni hapakuwa na hadhira ya kutuza. Santuri ndogo ilibeba dakika chache tu kila upande, na mara nyingi wimbo ulikatwa sehemu mbili: maneno yakitangulia, magita yakishika mbio baadaye. Hata hivyo, mlango wa pakruok haukufungwa. Aliyegharimia kurekodi ndiye aliyechukua nafasi ya mtuzaji, na jina la Kanindo likawa linaitwa ndani ya nyimbo. Mhakiki anayelichukulia jina hilo kuwa tangazo la biashara tu atakuwa ameisoma nusu ya matini. (Tangazo ni tangazo, hatukatai, lakini je, tenzi za kuwasifu watawala zilikuwa nini?)

Kanindo alikuwa na sikio la majina. Mbali na POK, herufi za kwanza za jina lake, lebo zake ziliitwa Oyundi na Hundhwe, majina ya ndege kwa Kidholuo, na nyingine Sungura. Santuri hizo zilisafiri kusini. Wapiganaji wa Zimbabwe walizisikiliza katika kambi zao za Tanzania na Msumbiji, na baada ya uhuru wa 1980 muziki wa mtindo huo ulienea nchini mwao. Msikilizaji asiyejua Kidholuo angeweza kunasa nini zaidi ya jina lililorudiwarudiwa? Muziki wenyewe ukaitwa kanindo. Kisha ukaitwa sungura, likazuka na kundi la Sungura Boys, na jina hilo lingali linatumika. Hivyo yule mjanja wa ngano zetu, ambaye Washona humwita tsuro, aliingia Zimbabwe kwa jina lake la Kiswahili, akiwa amebandikwa kwenye santuri na mfanyabiashara Mjaluo.

Hapa ndipo penye uzito. Ochieng Nelly na Collela Mazee wa Victoria Jazz, ambao rekodi zao zilitoka kwenye lebo za Kanindo, hawakupata kuwa jina la mtindo wowote ugenini. Katika pakruok ya nyatiti msifu na msifiwa walikuwa mbele ya hadhira moja, iliyomjua kila mmoja wao na ukoo wake. Santuri iliwatenganisha. Ilimchukua msifiwa ikampeleka Harare, ikamwacha msifu Nyanza. Anayetaka kuandika historia ya utunzi wa benga hana budi kuanza na kibandiko cha katikati ya santuri, ambapo lebo imeandikwa kwa herufi kubwa, na mtunzi chini yake, ndani ya mabano.