Kothbiro: Wimbo wa Kijaluo uliobeba majonzi ya filamu

KOTHBIRO ni wimbo wa Kijaluo uliojulikana duniani kwa sauti na nyatiti ya marehemu Ayub Ogada, baada ya kutumiwa katika filamu ya The Constant Gardener ya mwaka 2005. Jina hilo lina maana ya mvua inakuja. Maneno yake ni ya kawaida: mvua imekaribia, na watoto wanahimizwa kurudisha ng'ombe nyumbani.

Filamu hiyo, iliyoongozwa na Mbrazili Fernando Meirelles kutokana na riwaya ya John le Carré, inamhusu mwanadiplomasia wa Uingereza aliyeko Nairobi, ambaye mkewe anauawa kaskazini mwa Kenya. Kadiri anavyochunguza kifo hicho ndivyo anavyozidi kumfahamu mkewe kupitia kumbukumbu. Baadhi ya picha zilipigwa Kibera na Loiyangalani, kando ya Ziwa Turkana.

Wimbo wa mvua na mifugo uliwezaje kubeba majonzi ya mjane huyo? Jibu limo katika nyatiti yenyewe. Mpigaji wa ala hiyo ya nyuzi nane huketi kwenye kigoda na kugonga ukingo wake kwa pete ya chuma iliyovikwa kidole gumba cha mguu. Tangu jadi, Wajaluo huipiga matangani ili kuwasifu waliofariki na kuwafariji waliobaki.

Wimbo huo haukuanzia kwenye filamu. Bendi ya Black Savage iliurekodi Nairobi katika miaka ya 1970, na mwaka 2018 Mmarekani Kanye West alitumia kipande cha rekodi hiyo.

Ogada, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1956 kwa jina la Job Seda, alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa African Heritage Band. Mwaka 1986 alihamia Uingereza, ambako alipiga nyatiti barabarani kabla ya kutoa albamu ya En Mana Kuoyo mwaka 1993. Baadaye alirejea Kenya, na akafariki Februari 2019 huko Nyahera, mwendo mfupi kutoka Migosi na mitaa mingine ya Kisumu.

Kwa mila, nyatiti ilikuwa ala ya wanaume. Hata hivyo, miongoni mwa waliojifunza kwa wazee wa Siaya na kuitangaza ng'ambo ni mwanamke wa Kijapani, Eriko Mukoyama, ajulikanaye kwa jina la Anyango.