Ufipa: Tarehe ya Mti, Chuma na Udongo

Ufipa ni nchi iliyoinuka kati ya maziwa mawili, kusini-magharibi mwa Tanzania. Upande wa machweo ardhi inaporomoka hadi Ziwa Tanganyika, ambalo maji yake yako mita zipatazo 770 juu ya usawa wa bahari. Upande wa mawio inakatika kwenye genge refu la Lyamba lya Mfipa na kushuka hadi bonde la Rukwa, ziwa la maji ya magadi lisilo na mto wa kuyatoa. Katikati ni uwanda mpana wa nyasi, sehemu kubwa ikiwa mita 1,800 na zaidi, wenye baridi ya kuvalia koti mwezi Juni na Julai. Lami ilichelewa kufika huku, na kwa miaka mingi dereva aliyetoka Tunduma kwenda Sumbawanga wakati wa masika hakuwa na hakika ya siku atakayofika. Ndiyo maana, nadhani, habari za nchi hii zimeenezwa zaidi na watu wasioijua. Ukiitaja Sumbawanga jijini Dar es Salaam, wengi watakujibu kwa uvumi wa radi na waganga. Uvumi huo umeifunika tarehe ambayo nchi chache duniani zinayo, tarehe ya watu waliofanya kazi kwa mikono na kuacha kazi hizo ardhini.

Tuanzie Kalambo. Mto Kalambo ni sehemu ya mpaka wa Tanzania na Zambia, na kabla ya kuingia ziwani unaanguka zaidi ya mita 200 kwa mruko mmoja. Wageni huishia hapo kwenye maporomoko. Lakini juu yake, ng'ambo ya Zambia, mto unapita kwenye bakuli la ardhi ambalo kwa miaka mingi mno lilikuwa likijaa mchanga na tope. Mwanaakiolojia J. Desmond Clark alipaona mahali hapo mwaka 1953, akachimba huko kwa misimu kadhaa. Alipata zana za mawe, na alipata pia kitu ambacho wachimbaji wa mambo ya kale hawatarajii kukipata: miti. Kwa kawaida mti huoza. Hapa maji yaliyotuama ardhini yaliizuia hewa, na bila hewa wadudu na ukungu hawana kazi. Clark alishuku kwamba baadhi ya vipande vile vilichongwa na watu, ila hakuwa na njia ya kujua umri wake, kwa sababu kipimo cha kaboni hakivuki sana miaka 50,000.

Mwaka 2019 kundi lililoongozwa na Larry Barham wa Chuo Kikuu cha Liverpool lilirudi pale, na matokeo yakatangazwa Septemba 2023. Walikuta magogo mawili, moja limelala juu ya jingine. Gogo la juu, la urefu wa karibu mita moja na nusu, limechongwa likawa jembamba kwenye ncha zake, na tumboni limekatwa pengo pana linaloliwezesha kukaa juu ya la chini bila kuteleza. Alama za jiwe lililokatia zinaonekana bado. Seremala yeyote angeitambua kazi hiyo mara moja, maana ni kiungo. Umri wake ulipatikana kwa kupima chembe za mchanga uliolizunguka, kujua tangu lini hazijapigwa na mwanga wa jua, na jibu likawa angalau miaka 476,000.

Binadamu wa namna yetu, kwa ushahidi uliopo, hana zaidi ya miaka kama 300,000. Maana yake waliounganisha magogo ya Kalambo walikuwa watu wa kabla yetu, na tayari walijua kwamba miti miwili ikikatwa vizuri inakuwa kitu cha tatu. Huenda ilikuwa njia ya kupita juu ya tope, au jukwaa la kukalia, au msingi wa makazi. Mimi naona kwamba kama kuna jambo moja la kumfundisha kila mtoto wa Rukwa kabla hajasikia habari za radi, ni hilo gogo. Ng'ambo ile na ng'ambo hii ni mto mmoja, na mpaka wenyewe umechorwa juzi tu.

Baada ya hapo tarehe inakaa kimya muda mrefu, kisha inasikika tena kwenye vyungu. Kuanzia karne ya 4 au ya 5 baada ya Kristo, bonde hilohilo la Kalambo lilikaliwa na wakulima waliofinyanga na kufua chuma. Wafipa wenyewe wanaanza masimulizi yao mahali pengine, yaani Milansi, kijiji kilicho chini ya mlima Itwelele. Huko, wanasema wazee, ndiko alikokaa mtu wa kwanza, Ntatakwa, aliyeshuka kutoka mbinguni, na uzao wake ukawa watawala wa nchi. Siku moja mwene, yaani mtawala, wa Milansi alikwenda kuwinda. Akamwonya mkewe kwamba wageni watakuja, asiwape kigoda cha utawala. Wakaja wanawake watatu, Watwa wa kutoka mbali, wenye haiba na maneno mazito. Mke aliingiwa na hofu akawapa kigoda. Mume aliporudi alikuta mambo yamekwisha. Hapakupiganwa vita. Watwa wakachukua utawala, na mwene wa Milansi akabaki na kijiji chake na kazi ya kuiombea nchi.

Mwanaanthropolojia Roy Willis, aliyeishi Ufipa miaka ya 1960 na kuchapisha kitabu kikubwa juu ya dola yao mwaka 1981, alilichambua simulizi hilo kwa undani kuliko mtu mwingine yeyote. Linalonigusa mimi ni kwamba taifa zima limeeleza chanzo cha serikali yake kwa habari ya kigoda kilichotolewa nyumbani, bila mshindi anayejigamba. Ukoo wa Watwa baadaye uligawanyika, na nchi ikawa na dola mbili, Nkansi upande wa kaskazini na Lyangalile upande wa kusini. Jina la kwanza bado liko kwenye ramani, ndiyo Wilaya ya Nkasi ya leo.

Wafalme wakabaki na ugomvi wao. Kazi iliyoijenga nchi ilifanyika porini, kwenye tanuri.

Tanuri la Wafipa liliitwa ilungu, na yakiwa mengi malungu. Ni mnara wa udongo wa kichuguu, mpana chini na mwembamba juu, wenye urefu wa mita tatu hivi, yaani karibu mara mbili ya kimo cha mtu. Chini huzungukwa na matundu yaliyowekwa mirija ya udongo, na upande mmoja kuna mlango wa kuingilia. Ndani zilipangwa kuni, kisha mkaa na mawe ya chuma, tabaka juu ya tabaka, hadi mdomoni. Moto ukishawaka, hakuna aliyevuta mivukuto. Hewa ya moto ilipanda kwenye bomba lile refu, na kwa kupanda kwake ikaivuta hewa baridi kupitia mirija ya chini. Tanuri lilijipumulia lenyewe mchana na usiku kucha, kwa siku kadhaa. Ubora wa namna hii ni kuokoa nguvu za watu, na mawe yasiyo na chuma kingi, kama yale ya Ufipa, yanaweza kutumika. Gharama yake ni mkaa, ambao uliliwa kwa wingi mno.

Kilichotoka hakikuwa bado chuma cha kufulia. Kilikuwa bonge lililochanganyika na mavi ya chuma. Walilivunja, wakachagua vipande vizuri, wakavipeleka kwenye tanuri la pili, dogo, liitwalo kinteengwe, ambalo lilivuviwa kwa mivukuto. Hapo ndipo chuma kilipotakata, kikaenda kwa mhunzi, na mhunzi akatoa majembe, mashoka na mikuki. Hatua hizi tatu, kuyeyusha, kutakasa na kufua, zinaitofautisha Ufipa na nchi nyingi za Afrika ambazo wahunzi wake waliishia kwenye tanuri moja.

Kujenga ilungu ilikuwa harusi. Tanuri lilihesabiwa kuwa bibi arusi, likapambwa kabla ya kuwashwa, likaimbiwa. Mafundi hawakuwakaribia wake zao mpaka kazi iishe. Fundi mkuu alikuwa na mfuko wa dawa, intangala, na baadhi ya dawa hizo zilifukiwa chini ya tanuri. Mmisionari Wyckaert aliyaandika hayo mwaka 1914 akilinganisha wahunzi wa dini ya jadi na wahunzi Wakristo, na kutoka kwake unaona jinsi kanisa lilivyoukubali ufundi na kuukataa mfuko. Kwa fundi mwenyewe vitu hivyo viwili havikutenganishika. Baadaye Greig aliandika juu ya kazi hii mwaka 1937, na Wise mwaka 1958, kisha akaja Randi Barndon kutoka Norway. Bertram Mapunda wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alipochimba Nkasi katika miaka ya 1990 alionyesha kwamba kabla ya malungu palikuwa na matanuri mengine mafupi, ya katukutu, yaliyotegemea mivukuto. Kwa hiyo lile ilungu refu halikuwa mwanzo wa uhunzi Ufipa. Lilikuwa hatua ndani ya safari ndefu ya mafundi kubadili njia zao.

Jembe lililotoka huko lilirudi shambani, na shamba la Mfipa nalo lina ufundi wake. Uwanda hauna miti ya kukata na kuchoma ili kupata majivu. Mkulima aligeuza nyasi na udongo wake akazifukia ndani ya vichuguu vya duara, intumba, akapanda maharage juu yake, na msimu uliofuata akavitawanya na kupanda ulezi. Nyasi zilioza ndani zikawa mbolea. Bonde la Rukwa nalo lililimwa pamba, ikasokotwa na kufumwa vitambaa vizito ambavyo wafanyabiashara walivitafuta, mpaka kitambaa cha merikani kilipowanyang'anya wafumaji soko.

Karne ya 19 ilileta watu wengi kutoka mbali. Katika miaka ya 1840 Wangoni wa Zwangendaba, waliouvuka mto Zambezi Novemba 1835, walifika Ufipa, na huko Mapupo kiongozi wao akafariki. Kifo hicho kilibadili ramani. Watu wake waligawanyika wakatawanyika, wengine wakaelekea Unyamwezi na Ujiji, wengine Songea, wengine wakarudi kusini hadi nchi ambazo leo ni Malawi na Zambia. Mngoni wa Songea na yule wa Mzimba waliachana hapa, kwenye nyasi za Ufipa. Mwaka 1872 Livingstone alipita kando ya ziwa katika safari yake ya mwisho, na mwaka 1880 Joseph Thomson alipita, akakuta nchi ya kilimo, chuma na vitambaa.

Kaskazini, Karema, nchi ya Wabende, Wabelgiji walijenga kituo mwaka 1879. Walikijenga karibu na maji, lakini mto Lukuga, ng'ambo ya Kongo, ulikuwa umefungua njia yake, na ziwa likashuka kwa mita nyingi katika miaka iliyofuata, ukuta wa ngome ukaachwa nchi kavu. Mwaka 1885 kituo kilikabidhiwa kwa mapadri wa White Fathers, na miaka michache baadaye akafika Karema mtu ambaye namhesabu mkubwa kuliko wote waliowahi kushuka kwenye pwani ile.

Adrien Atiman alizaliwa karibu na mto Niger, katika nchi ambayo leo ni Mali. Alitekwa akiwa mtoto, akavushwa jangwa akiwa mtumwa, na mapadri wakamnunua Algeria wakamwachia huru. Walimpeleka Malta akasomea utabibu. Kisha akatumwa kwenye ziwa ambalo hakuwahi kuliona. Alioa binti wa mwene wa Kibende, mwanawe akawa padri, na yeye mwenyewe akabaki Karema akifundisha dini na kutibu wagonjwa mpaka alipofariki mwaka 1956, zaidi ya miaka 60 tangu afike. Utawala wa Wajerumani ulikuja ukaondoka, wa Waingereza ukakaribia kuisha, yeye akiwa palepale akifunga vidonda. Mtoto aliyeuzwa kama bidhaa akawa tabibu wa watu ambao pwani yao ilikuwa njia ya watumwa.

Wajerumani waliweka ngome yao Kasanga, wakaiita Bismarckburg. Juni 1916 ikatwaliwa na jeshi la Waingereza. Mwezi uliofuata, karibu na Kigoma, Wajerumani waliizamisha wenyewe meli yao Graf von Götzen wasiiache kwa adui. Iliibuliwa, na mwaka 1927 ikaanza kazi upya kwa jina la Liemba, ikisafiri hadi Kasanga na kuendelea Mpulungu.

Majembe ya dukani yalimaliza kazi ya malungu. Kufikia miaka ya 1930 mafundi waliojua kuyawasha walikuwa wazee. Mengi yaliyosalia yamesimama porini na mashambani yakiwa na nyufa, na mvua inayala kila masika, maana udongo usiofunikwa hauna ahadi ya kudumu. Gogo la Kalambo lilidumu kwa sababu lilifukiwa. Malungu hayajafukiwa, na kila moja linaloanguka sasa linaanguka mbele ya macho yetu, wakati wapo bado watu wanaojua babu yao alijenga lipi. Mkoa wa Rukwa, ulioanzishwa mwaka 1974 na kupungua mwaka 2012 Katavi ilipotengwa, umejulikana zaidi kwa mahindi yake, na mahindi hayo ni haki yake. Lakini halmashauri za Nkasi, Kalambo na Sumbawanga zingeweza kuanza na jambo dogo: kuyahesabu malungu yaliyosimama kijiji kwa kijiji, kuandika jina la mwenye shamba na la ukoo uliojenga, na kuyaezekea paa la nyasi yale machache yaliyo mazima. Nyasi ziko tele, na wazee wa kuuliza bado wapo.