Jackie Chan: Aliyeshindwa kuwa Bruce Lee, akavuma kwa vichekesho

Jackie Chan, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Chan Kong-sang, ni mwigizaji na mwelekezi wa filamu za kung fu aliyezaliwa Hong Kong mnamo Aprili 7, 1954.

Wazazi wake walipohamia Australia kikazi, yeye alibaki katika shule ya opera ya Peking ya mwalimu Yu Jim-yuen. Humo alijifunza kuimba, sarakasi na mapigano, na fimbo haikuwa mbali. Sammo Hung na Yuen Biao, waliokuja kuvuma pamoja naye, walilelewa katika shule hiyo hiyo.

Opera ilipofifia, vijana hao walikimbilia filamu, ambamo waliajiriwa kuanguka na kupigwa kwa niaba ya wengine. Katika Fist of Fury (1972) na Enter the Dragon (1973), Chan alikuwa miongoni mwa waliotandikwa na Bruce Lee.

Lee alifariki Julai 1973, na watayarishaji wakaanza kusaka mrithi. Mwelekezi Lo Wei alimteua Chan kuongoza New Fist of Fury (1976), lakini watazamaji hawakuvutiwa, wala hawakuvutiwa na nyingine kadhaa zilizofuata. Si ajabu. Ghadhabu ya Lee ilikuwa yake mwenyewe. Usoni mwa Chan ilionekana kama vazi la kuazima.

Mnamo 1978 Lo Wei alimwazima kwa kampuni nyingine, na chini ya mwelekezi Yuen Woo-ping akatoa Snake in the Eagle's Shadow na Drunken Master. Humo shujaa ni mtukutu anayechapwa, anayetoroka, na anayepuliza ngumi yake kwa maumivu baada ya kumpiga adui. Watu walicheka, na filamu hizo zikavuma.

Kicheko hicho kilikuwa na gharama. Katika Police Story (1985) aliteleza kwenye mlingoti uliozungushiwa taa ndani ya jengo la maduka, akaungua mikono na kuumia uti wa mgongo. Mwaka uliofuata, akiigiza Armour of God nchini Yugoslavia, alianguka kutoka mtini na kupasuka fuvu. Alifanyiwa upasuaji, na sikio lake moja halikupata tena uwezo wake wote wa kusikia.

Marekani ilichelewa kumwelewa. The Big Brawl (1980) na The Protector (1985) hazikufua dafu huko, hadi Rumble in the Bronx ilipoonyeshwa nchini humo 1996, kisha Rush Hour ikafuata 1998.

Novemba 2016 alipewa tuzo ya heshima ya Oscar. Hadi wakati huo Oscar haikuwa na kitengo cha vituko vya hatari. Aprili 2025 waandalizi walitangaza kwamba kitakuwepo, kuanzia na filamu za mwaka 2027.